Maji ya Kunde na Mafuta ya Sili: Rekodi za Ngozi ya Binadamu, Kutoka Nachingwea Hadi Aktiki

Mtoto akizaliwa Nachingwea au Ruangwa, bibi hamalizi kumpokea kabla hajamkagua masikio. Humgeuza kichwa taratibu kwenye mwanga wa mlangoni, akatazama ncha za masikio, akatazama na nyama ya pembeni mwa kucha, kisha akatoa jibu: huyu atafuata weusi wa babu yake, au, huyu ni maji ya kunde. Mwili mzima wa kichanga bado umepauka na una wekundu, lakini pale masikioni rangi yake ya baadaye imeshatangulia. Bibi hakosei sana. Seli zinazotengeneza rangi zimo ndani ya ngozi ya mtoto tangu tumboni, ila kazi yake haijachanganya. Katika wiki na miezi inayofuata ndipo rangi hukolea mwili mzima.

Maji ya kunde. Nalipenda jina hilo kuliko majina yote ya rangi tuliyo nayo, kwa sababu limetoka jikoni. Mtu aliyechemsha kunde akaona maji yanavyogeuka kahawia yenye wekundu wa mbali ndiye aliyetupa neno la kumweleza binti wa jirani bila kumtukana wala kumkweza. Na jiko lina mkono mkubwa katika rangi ya ngozi ya binadamu, sawasawa na jua na mababu. Rekodi nilizokusanya hapa zinatoka sehemu nyingi za dunia, nami nimezipima zote kwa jua la huku kusini, Mkoa wa Lindi.

Jua lisiloshuka

Nachingwea iko nyuzi 10 na ushei kusini mwa ikweta, na Ruangwa iko kaskazini yake kidogo. Mara mbili kwa mwaka jua hupita utosini kabisa. Mwezi wa Oktoba, likiwa safarini kwenda kusini, huipita Ruangwa siku moja hivi kabla ya Nachingwea, kwenye tarehe 19 na 20. Februari, likirudi, huanza na Nachingwea tarehe 21 au 22, ndipo Ruangwa. Oktoba ndiyo ya kuangalia, kwa sababu ni msimu wa korosho: mabibo yameiva, watu wako mashambani chini ya mikorosho wakiokota, na korosho zimeanikwa kwenye mikeka na maturubai zikauke. Simika kijiti wima uwanjani tarehe 20 Oktoba, saa sita na dakika kumi za mchana, utakiona kivuli chake kikijikunja hadi kikaisha chini ya kijiti chenyewe.

Hilo hutokea kila mahali katika ukanda wa joto, kwa hiyo si rekodi. Kinachonishangaza mimi ni upande wa pili wa mwaka. Tarehe 21 Juni, siku ambayo jua la adhuhuri la Nachingwea liko chini kuliko siku nyingine zote, wakati watu wanalalamika baridi na kuvaa masweta asubuhi, jua hilo bado limesimama nyuzi 56 juu ya upeo wa macho. Sasa twende Utqiaġvik, Alaska, mji ulio kaskazini kuliko miji yote ya Marekani, kwao Wainupiati, ndugu za Wainuiti wa Kanada na Greenland. Siku hiyohiyo ya Juni ndiyo siku jua lao liko juu kuliko siku zote, na halizidi nyuzi 42. Jua letu la chini kabisa linalipita jua lao la juu kabisa. Na kati ya Novemba na Januari, kwa zaidi ya miezi 2 mfululizo, jua lao halichomozi hata mara moja.

Kipimo rahisi cha jambo hili ni kivuli chako mwenyewe. Ngozi hutengeneza vitamini D vizuri pale kivuli kinapokuwa kifupi kuliko mwenyewe, kwa sababu wakati huo mionzi ya urujuanimno hushuka bila kuchujwa sana na hewa. Nachingwea, adhuhuri ya Juni, kivuli cha mtu ni kama theluthi mbili za urefu wake. Utqiaġvik hakuna siku hata moja katika mwaka ambapo kivuli cha mtu kinakuwa kifupi kuliko yeye. Mtoto anakua, anaoa, anazeeka, na maisha yake yote kivuli chake cha adhuhuri kinamzidi kimo.

Waliovunja kanuni

Kanuni yenyewe iliandikwa vizuri mwaka 2000 na Nina Jablonski na George Chaplin. Walichukua vipimo vya mionzi ya urujuanimno vilivyokusanywa na setilaiti ya NASA, wakavilinganisha na vipimo vya rangi ya ngozi za wenyeji wa sehemu mbalimbali za dunia. Vikaoana. Penye mionzi mikali ngozi ni nyeusi, na kadiri mionzi inavyopungua ngozi nayo inapauka.

Sababu waliyoieleza ni mvutano kati ya vitamini mbili. Ya kwanza ni foleti, ambayo mwili huihitaji kila unapojenga seli mpya, hasa mimba ikiwa changa. Jua kali huivunja. Mwaka 1978 Richard Branda na John Eaton walianika majimaji ya damu ya binadamu chini ya taa yenye nguvu ya jua kali, na katika saa moja kati ya asilimia 30 na 50 ya foleti ikawa imepotea. Ya pili ni vitamini D, ambayo mwendo wake ni kinyume: yenyewe huzaliwa na jua hilohilo, ndani ya ngozi. Ikipungua, mifupa ya mtoto inakosa ugumu na miguu inapinda, ndiyo matege. Palipo na jua jingi, ngozi nyeusi huilinda foleti na bado vitamini D inatosha. Palipo na jua haba, ngozi nyeusi hulizuia hata lile dogo lililopo, basi kizazi baada ya kizazi waliopauka wakapona zaidi.

Kwa kanuni hiyo Wainuiti wangepaswa kuwa weupe kuliko Wanorwei. Sivyo walivyo. Ngozi yao ni ya kahawia, na kiangazi hukolea zaidi. Katika ramani nzima ya dunia hakuna watu walioivunja kanuni ile kwa kishindo kama wao, na namna walivyoivunja ndiyo sehemu tamu kuliko zote.

Waliivunja kwa chakula. Kwenye nchi isiyoota mahindi wala muhogo wala mchicha, mlo wa asili ulikuwa sili, nyangumi, samaki wa maji baridi, na mafuta yao. Vitamini D ambayo sisi tunaipata mgongoni tukipalilia, wao waliipata kwenye ini la samaki na kwenye mafuta yaliyo chini ya ngozi ya sili. Ngozi ya nyangumi pamoja na mafuta yake, wanayoiita muktuk, huliwa ikiwa mbichi, imekatwa vipande vidogo. Mtu anayekula hivyo miezi yote ya giza hana deni na jua, na ngozi yake haina haraka ya kupauka.

Muda nao umechangia. Mababu wa Wainuiti wa leo walisambaa kutoka Alaska hadi Greenland miaka kama 1,000 tu iliyopita. Tena nchi ya theluji ina mwanga wake wa hila: theluji mpya hurudisha juu hadi asilimia 80 ya mionzi ya urujuanimno inayoiangukia, na kiangazi jua halizami kwa wiki nyingi, kwa hiyo uso hupigwa kutoka juu na kutoka chini. Wainuiti walichonga miwani ya mifupa na ya miti yenye ufa mwembamba wa kuchungulia, kukinga macho yasiunguzwe na mwanga huo. Jua dhaifu kwa vitamini bado lilikuwa na nguvu ya kupofusha.

Kwamba chungu huandika mpaka ndani ya vinasaba, ushahidi ulipatikana mwaka 2015. Watafiti waliosoma vinasaba vya Wainuiti wa Greenland waligundua mabadiliko ya nguvu kwenye jeni zinazoshughulikia mafuta ya chakula, na mabadiliko hayo yaligusa hata kimo na uzito wa watu. Mlo wa sili uliwachagua wanaouweza. Ndiyo maana inaniuma kusoma kinachotokea chungu kikibadilika ghafla: jamii za kaskazini mwa Kanada zilipoanza kuishi kwa soda, chipsi na vyakula vya makopo, vitamini D ikashuka, na matege yakaanza kuonekana kwa watoto ambao mababu zao waliishi gizani bila kuyapata.

Foleti ya mbaazi

Huku kusini hesabu ni ya upande wa pili. Jua halipungui, kwa hiyo tunu ya kulindwa ni foleti, na chungu cha kusini kimejaa foleti. Mbaazi, ambazo Ruangwa na Nachingwea huvuna kwa magunia na kuziuza mnadani, zina foleti nyingi. Kunde zinayo. Karanga zinayo. Majani ya kunde na mchicha yanayo. Ugali wa muhogo peke yake hauna kitu kikubwa cha kutoa, lakini haukupikwa ili uliwe peke yake. Pembeni kuna kisamvu kilichotwangwa na kuungwa kwa karanga.

Sisemi hivi ili mama mjamzito aache vidonge vya kliniki. Foleti ya mimba inahitajika wiki za mwanzo kabisa, mara nyingi kabla mwenyewe hajajua, na ikikosekana mtoto anaweza kuzaliwa na mgongo wazi. Ndiyo sababu Tanzania iliweka utaratibu wa kuongeza asidi ya foliki kwenye unga wa ngano wa viwandani. Lakini unga wa mashine ya kijijini, aliousaga mama kwa mahindi ya shamba lake, haupiti kiwandani. Kwake yeye kunde na mbaazi zinabaki kuwa kinga ya kweli, pamoja na melanini aliyopewa na mababu.

Shamba kubwa kuliko yote, na siagi ya nchi isiyo na jua

Rekodi moja ya Nachingwea inajulikana dunia nzima. Mwaka 1947 serikali ya Uingereza ilianza Mpango wa Karanga, ikilenga kulima zaidi ya ekari milioni 3 katika Tanganyika: Kongwa, Urambo na Nachingwea. Kwa ajili ya Nachingwea ilijengwa bandari ya Mtwara na kutandikwa reli kuingia bara. Mwaka 1951 mpango ulivunjwa ukiwa umemeza pauni milioni 36, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 reli nayo ikafungwa.

Wanaosimulia habari hii huishia kwenye matrekta yaliyovunjikia visikini. Mimi naona ndani yake habari ya ngozi. Waingereza walitaka karanga kwa sababu vita vilikuwa vimewaacha na njaa ya mafuta ya kula, na mengi ya mafuta hayo yangekuwa majarini ya kupaka mkate. Na tangu mwaka 1940 sheria yao ilitaka majarini iongezwe vitamini A na D. Iliwabidi. Katika miji yao ya viwanda, chini ya moshi na mawingu, matege yalikuwa yamewapinda watoto kwa vizazi. Kwa hiyo mpango mkubwa kuliko yote ya kilimo cha kikoloni ulikuwa uchukue mafuta kutoka kwenye ardhi ambayo jua lake la adhuhuri halishuki chini ya nyuzi 56, uyapeleke kwenye kisiwa cha ukungu, na huko yatiwe vitamini ambayo mkulima wa Nachingwea huipata bure akitembea kwenda shambani.

Sehemu ya mashamba yale, Farm 17, baadaye ikawa kambi ya FRELIMO, chama cha ukombozi wa Msumbiji, ambako Samora Machel aliwafunza wapiganaji wake. Ndani ya chama hicho miaka hiyo ulizuka ugomvi mkali juu ya rangi: je, adui ni mzungu, au ni ukoloni? Walikuwamo waliotaka kila mweupe aondolewe. Samora alishikilia kwamba rangi ya ngozi haimtambulishi adui, na ndiye aliyeondoka Nachingwea mwaka 1975 kwenda kuiongoza nchi huru.

Damu yenye jua jingi

Kwa muda mrefu madaktari wa Ulaya walijadili kiwango gani cha vitamini D ni cha kawaida kwa binadamu, wakipima damu za watu wanaoshinda ofisini. Mwaka 2012 timu iliyoongozwa na Martine Luxwolda ilichapisha vipimo vya Wamasai na Wahadzabe wa Tanzania wanaoishi kwa desturi zao, nje mchana kutwa. Wastani ulikuwa nanomoli 115 kwa lita: Wamasai 119, Wahadzabe 109. Nchi nyingi za Ulaya huridhika mtu akivuka 50.

Narudia kuisoma hesabu hiyo. Hawa ni watu wenye ngozi nyeusi, ambao chakula chao hakina vitamini D ya kutajika ukilinganisha na samaki wa Aktiki, na ambao jua likiwa kali hukaa kivulini kama mtu yeyote mwenye akili. Ngozi nyeusi katika nchi yake haipungukiwi. Binti anayejipaka mkorogo wenye zebaki ili apate weupe anaharibu kitu kilichokuwa kinafanya kazi yake barabara, na zebaki hiyo haiishii usoni; huingia mwilini ikaumiza figo. Ningependa hesabu hiyo ya 115 ibandikwe kwenye kila duka la vipodozi, kuanzia Ruangwa mjini hadi Kariakoo.

Bara lenye rangi nyingi kuliko yote

Mgeni husema Waafrika ni weusi, akadhani amemaliza. Mwaka 2017 Sarah Tishkoff na wenzake walichapisha kazi iliyopima ngozi na vinasaba vya Waafrika zaidi ya 2,000 kutoka Ethiopia, Tanzania na Botswana. Hakuna bara jingine lenye upana wa rangi kama Afrika. Weusi kuliko wote walikuwa wafugaji wa jamii za Kinilo-Sahara wa Afrika Mashariki. Weupe kuliko wote walikuwa Wasani wa kusini mwa Afrika, ambao ngozi yao inakaribiana na ya watu wengi wa Asia.

Humo mlikuwa na rekodi nyingine, ya umri. Baadhi ya tofauti za jeni za ngozi, zile za kuipauza na zile za kuikoleza, zina umri wa miaka laki kadhaa, kabla binadamu wa sura yetu hajatimia. Weupe na weusi vilikuwamo pamoja ndani ya Afrika tangu mwanzo, kama mbegu za rangi mbalimbali ndani ya kibuyu kimoja. Ulaya yenyewe ilichelewa: mtu aliyezikwa miaka kama 10,000 iliyopita katika pango la Cheddar, Uingereza, vinasaba vyake vilionyesha kwamba yamkini alikuwa na ngozi nyeusi au ya kahawia iliyokoza, na macho ya buluu.

Ukitaka kuelewa melanini inavyofanya kazi, Ruangwa ina mfano wake ardhini: madini ya kinywe. Ukishika jiwe la kinywe, mkono unabaki na weusi unaong'aa kidogo. Ni jeusi kwa sababu linaumeza mwanga badala ya kuurudisha. Melanini nayo huumeza. Punje zake hujipanga juu ya kiini cha seli kama mwavuli, upande wa nje, zikaipokea mionzi na kuigeuza joto dogo kabla haijafika kwenye vinasaba.

Mababu waliozikwa Lindi

Jua na chungu peke yake havielezi kwa nini ndugu wawili wa tumbo moja, mmoja huitwa mweusi tii na mwenzake maji ya kunde. Hapo ndipo mababu wanapoingia. Wamwera, Wamakua, Wayao na Wamakonde wa eneo hili ni Wabantu, ambao wahenga wao walisafiri kwa maelfu ya miaka kutoka Afrika magharibi ya kati, na katika safari yote hiyo jua kali halikuwatoka kichwani. Wengine walikuja kwa njia tofauti. Luxmanda, mkoani Manyara, alizikwa binti wa jamii ya wafugaji miaka 3,100 iliyopita. Zaidi ya theluthi ya asili yake ilihusiana na wakulima wa kale wa Mashariki ya Kati. Jeni ya kupausha ngozi iliyoenea Ulaya ilifika Afrika Mashariki kwa misafara kama hiyo ya kurudi.

Na mwaka 2023 ilichapishwa kazi juu ya mifupa ya Waswahili wa kale kutoka Mtwapa, Manda, Faza, Kilwa, Songo Mnara, na hapa karibu, Lindi. Wengi wao walitokana na bibi wa Kiafrika na mababu wa kiume wa asili ya Asia, hasa Uajemi, na mchanganyiko huo ulianza karibu na mwaka 1000. Wazee wa pwani waliosema wana damu ya Shirazi walikuwa wakidharauliwa na wanahistoria fulani kwamba wanajikweza. Mifupa imewasikiliza. Imewasikiliza pia bibi zao Waafrika, ambao kwa hesabu ya vinasaba ndio walioacha sehemu kubwa zaidi.

Rekodi iliyo nzito kuliko zote

Nimeiacha hii nyuma kwa sababu sikutaka kuipitia haraka.

Tanzania ni miongoni mwa nchi zenye kiwango kikubwa kuliko vyote duniani cha watu wenye ualbino. Ulaya na Amerika Kaskazini hukadiriwa mtu 1 katika kila 17,000 hadi 20,000. Kwetu makadirio yaliyotumika miaka mingi ni 1 katika 1,400. Sensa ya mwaka 2012 ilihesabu zaidi ya watu 16,000, yaani 1 katika kila 2,700 hivi. Hata ukichukua hesabu ndogo, inamaanisha kwamba takriban mtu 1 katika kila 25 kati yetu amebeba jeni hiyo bila kujua. Kwenye basi moja la Nachingwea kwenda Dar es Salaam, lililojaa, wanaweza kuwa wawili au watatu. Wakikutana mume na mke wote wameibeba, kila mimba ina nafasi moja kati ya nne ya kuzaa mtoto mwenye ualbino. Hakuna aliyelaaniwa na hakuna aliyezini. Mwaka 1995 uchunguzi wa wagonjwa wa Kitanzania ulionyesha chanzo kilichoenea kwao: kipande cha jeni iitwayo OCA2 kimekatika na kupotea, mkato uleule unaopatikana kwa Wabantu wa sehemu nyingi za Afrika. Tulitembea nao tangu safari ile ya wahenga.

Sasa rudi kwenye jua la mwanzo wa makala hii. Mtoto asiye na melanini amezaliwa chini ya jua lisiloshuka chini ya nyuzi 56 adhuhuri yoyote ya mwaka. Hakuna ngozi iliyo mbali na nchi yake kuliko hiyo. Madoa meusi huanza utotoni, midomo hupasuka, vidonda vya sikio na shingo visivyopona hufuata, na saratani ya ngozi, ambayo kwa mtu mweusi ni nadra, kwao imekuwa muuaji mkuu, tena wakiwa vijana. Zamani watu walisema zeruzeru hafi, hutoweka. Neno lenyewe ni tusi na msemo wenyewe ni uongo: walikuwa wakifa mapema, ndani, wamefichwa, na saratani ikiwala uso. Kisha, kuanzia katikati ya miaka ya 2000, kukazuka mauaji ya kutafuta viungo vyao, hasa Kanda ya Ziwa, aibu ambayo nchi hii bado inaibeba.

Katikati ya miaka hiyohiyo Mkoa wa Lindi uliweka rekodi ambayo sioni ikitajwa vya kutosha. Mwaka 2008 Rais Kikwete alikuwa amemteua Al-Shaymaa Kwegyir, mwenye ualbino, kuwa mbunge. Lakini mtu wa kwanza mwenye ualbino kuchaguliwa kwa kura za wananchi jimboni alitoka hapa: Salum Khalfani Barwany, Lindi Mjini, kwa tiketi ya chama cha CUF, Oktoba 2010. Wapiga kura walimwona majukwaani chini ya jua lile la Oktoba, wakamsikiliza, wakamchagua. Mwaka 2015 Abdallah Possi, naye mwenye ualbino, akawa naibu waziri.

Kinachookoa ngozi hizi ni vitu vidogo. Kofia ya ukingo mpana wa kuzunguka kote, maana kapelo ya mbele peke yake huacha masikio na shingo, na huko ndiko saratani hupenda kuanzia. Mikono mirefu. Kuanua korosho asubuhi na jioni badala ya mchana. Losheni ya kuzuia jua, kama ile ya KiliSun inayotengenezwa katika hospitali ya KCMC, Moshi, kwa ajili yao, ipakwe kila siku na irudiwe, siku ya mawingu pia. Kidonda chochote kisichopona ndani ya wiki chache kionwe na daktari kingali kidogo. Kikiachwa kukua safari ni ya hospitali ya saratani ya Ocean Road, Dar es Salaam, mwendo wa siku nzima. Na darasani mtoto akae mbele karibu na ubao, kwa sababu melanini inahitajika pia ndani ya jicho, na asiye nayo haoni mbali. Wengi waliambiwa ni wazito wa kichwa kumbe hawakuwa wakiona maandishi.

Upande wa pili wa dunia

Kuna mwenzake mtoto huyo, aliye kinyume chake kwa kila kitu. Ni mtoto wa familia iliyotoka Kongo au Somalia ikahamia Tromsø, kaskazini mwa Norwei, mji ambao jua huaga mwishoni mwa Novemba na kurudi katikati ya Januari. Yeye ana melanini yote na hana jua. Vipimo vya damu katika nchi za Nordiki vimewakuta wahamiaji wa Afrika Mashariki wakiwa na vitamini D ya chini sana, akina mama hasa. Dawa yao ni ileile ya Wainuiti, imetiwa kwenye chupa: kijiko cha mafuta ya samaki asubuhi, au matone mdomoni mwa kichanga. Kile ambacho mama yake nyumbani angekipata akianua mbaazi, yeye anakipima kwa tone.

Na Nachingwea, tarehe 20 Oktoba, inakaribia saa sita na dakika kumi. Wanafunzi wametoka mapumziko. Mlingoti wa bendera hauna kivuli. Mtoto mmoja amesimama uwanjani na wenzake, amevaa kofia pana ya ukili aliyosukiwa nyumbani, na kwenye mchanga, kuzunguka miguu yake yote miwili, kuna duara la kivuli.